Gundi Si Paa



Siku hizi ni nadra kuona safu ya nyumba zetu isiyo na kitu juu ya paa. Huyu ana dishi la televisheni, yule ana sola ya kuwasha taa. Hatuvilaumu vitu hivyo. Twalaumu namna vinavyofungwa. Masika yakifika godoro limelowa, dari imeoza, na mwenye nyumba asema kosa ni la mpangaji.

Kwa maoni yetu ugonjwa ni huu: fundi hutoboa po pote, hupaka gundi, hupokea pesa zake akaenda. Lakini sisi wa reli twajua tabia ya chuma. Katika njia yetu ya zamani huachwa nafasi kati ya kipande na kipande cha reli, kwa kuwa chuma hupanuka kwa jua na kujikunja kwa baridi. Bati nalo ni hivyo hivyo, na gundi peke yake huchoka ikapasuka.

Maji hayashindwi kwa kuzibwa, huongozwa. Cha juu na kikilalie cha chini. Kwenye mabati, tundu liwe juu ya mgongo, si bondeni mapitapo maji, na skrubu yenye washa ya mpira ishike mti ulio chini yake. Kwenye vigae vya mbao au vya lami, skrubu ishike kenchi, tena kipande cha bati kichomekwe chini ya safu ya juu na kuilalia safu ya chini. Paa la asbesto lisitobolewe kamwe. Vumbi lake huleta saratani. Dishi likiweza kufungwa ukutani, ni heri zaidi.

Kabla ya kumlipa fundi, mwaga maji mahali hapo, mtu mmoja akitazama kutoka ndani.

Na nyumba ikiwa ya mwajiri, tusikubali kukatwa mshahara kwa uvujaji ulioletwa na fundi aliyetumwa naye. Twataka mapatano yetu yaseme wazi: atumaye fundi ndiye atengenezaye paa. Fundi naye apewe ngazi imara na kamba, maana Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya 2007 yamtaka mwajiri kulinda watu wake kazini.

Wajumbe wa matawi, lipelekeni neno hili mkutanoni kabla ya mvua.