Watayarishaji, acheni kuwabloki wakosoaji

Tamthilia mpya ikitoka hapa kwetu, vijana huichambua mitandaoni hadi usiku wa manane. Watayarishaji wengine wanawabloki tu. Hapo mnajinyima, wakubwa.

Mcheki Cord Jefferson wa Marekani. Alikuwa mwandishi wa Gawker, na mwaka 2014 akaandika jinsi alivyochoka kuandikia ubaguzi wa rangi kila unapozuka. Akahamia televisheni. Mwaka 2020 akashinda Emmy ya uandishi kwa "Watchmen", pamoja na Damon Lindelof. Kisha 2024 akabeba Oscar kwa "American Fiction", filamu ya mwandishi mweusi aliyechoshwa na wachapishaji. Uchovu ule ule!

Sasa huyo msee anayelalamika kwamba wahusika wako wanaongea kama wanasoma taarifa ya habari, mwite mkaandike naye. Na umlipe, si nauli tu.