TAHARIRI: MBOLEA SI YA BANDIA, IMESHIKWA NA CHUMA

Maneno ni mengi pale ghalani. Wenzetu wa mashamba ya juu wanasema mbolea ya kupandia waliyokopeshwa ni ya bandia, kwani mahindi yamedumaa na majani yamegeuka zambarau. Basi eti mkopo hawalipi. Sisi tunauliza: mbona jirani zao waliotia mbolea ya mifuko ile ile shimoni, mahindi yao yanapendeza?

Tazameni udongo wetu wa juu. Wekundu ule ni chuma, kama kutu ya jembe. Mbolea ya kupandia ina fosfeti. Katika udongo mwekundu wenye tindikali, fosfeti hushikana na chuma, ikawa fosfeti ya chuma, ambayo haiyeyuki upesi katika maji. Mzizi haunywi kisichoyeyuka. Mche unalia njaa na chakula kiko chini yake! Bondeni kwenye mpunga ni tofauti: maji yakituama, hewa hupungua udongoni, chuma hulegea na fosfeti huachiliwa.

Kwa hiyo, anayemwaga mbolea shamba zima analisha chuma, siyo mahindi. Tutie shimoni, kifuniko kimoja cha soda kila shimo, tufunike na udongo kidogo, ndipo tuweke mbegu isije ikaungua. Tutie na samadi iliyooza, maana hupunguza kushikwa huko. Mbolea ya Minjingu nayo, jiwe linalochimbwa karibu na Ziwa Manyara, inafaa udongo kama huu, kwa kuwa tindikali ndiyo huiyeyusha polepole. Na matuta tusiyaache: mvua ikichukua udongo, inaondoka na fosfeti yetu.

Fosfeti ya chuma iliyomo udongoni isitutie hofu, si sumu ya kumdhuru mkulima. Lakini mbolea ya mfukoni si chumvi. Tunawe mikono, tuiweke mbali na watoto, na mfuko wake usitiwe unga hata ukifuliwa mara kumi.

Kosa letu sisi wa kamati tunalikiri: tuligawa mifuko bila maelezo. Msimu ujao mfuko hautoki ghalani kabla ya somo shambani. Lakini deni ni deni. Asiyelipa hamkomoi mwenye ghala, anamnyima mwenzake mbolea ya mwakani.

Tulipe, kisha tulime kwa akili.