Kalimati za Futari, na Haki ya Jirani

Bwejuu, kisiwa kidogo cha Mafia, unga na sukari huvuka bahari kwa chombo; kuviharibu ni israfu.

Changanya unga vikombe 2, hamira kijiko 1 cha chai na tui vuguvugu kikombe 1 na robo. Piga kwa mkono mpaka uvutike, funika uumuke. Dondosha matonge madogo katika mafuta, moto wa wastani, yaive hadi ndani. Chemsha sukari kikombe 1, maji nusu kikombe na iliki mpaka shira inate. Tia kalimati, epua, geuzageuza.

Kabla ya adhana ya Magharibi, mtume mwanao kwa jirani aliyekosa sukari. Atajifunza haki ya jirani kabla hajaisoma chuoni.