Abiria Naye Asikilizwe



Mwenye basi anaponyimwa leseni ya njia, au anapofutiwa ile aliyokuwa nayo, watu husema hilo ni jambo lake na serikali. Sisi hatuoni hivyo. Basi likiacha kufika Rulenge, mwenyewe hulipeleka njia nyingine na nauli huendelea kuipata. Wanaobaki kando ya barabara ni mama mjamzito, mwanafunzi anayerudi bweni, na mgonjwa aliyeandikiwa kwenda Bugando.

Tuitazame nchi yetu. Pale Nyakanazi barabara zaachana: moja yaelekea Kahama, moja Kibondo na Kigoma, moja Lusahunga, ambako njia hugawanyika tena kwenda Biharamulo na Rusumo. Mabasi hufuata barabara kuu. Mji wa Ngara wenyewe uko kando yake, na Rulenge nako ni kuiacha barabara hiyo. Kwa hiyo uamuzi utolewao ofisini ndio unaoamua ni nani atakayepanda basi lenye ratiba, na ni nani atakayebanwa ndani ya mchomoko, watu wanne mahali pa watatu. Mnajua tunachosema, hata mapadre tumepakatana humo.

Hatusemi kwamba mwenye basi ana haki siku zote. Gari bovu lifungiwe, na dereva anayekimbiza roho za watu aondolewe barabarani. Tunachodai ni kwamba uamuzi uwe na sababu, na sababu ziandikwe. Katiba yetu, ibara ya 13(6)(a), humpa kila mtu ambaye haki zake zinaamuliwa na mahakama au chombo kingine nafasi ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na haki ya kukata rufani. Zamani hata kuishtaki Serikali kulihitaji kibali cha Serikali yenyewe! Mahakama ya Rufani ilikibatilisha kifungu hicho mwaka 1993, katika shauri la Kukutia Ole Pumbun.

Leo leseni za mabasi zi mikononi mwa LATRA, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2019 kuchukua nafasi ya SUMATRA. Asiyeridhika na uamuzi wake aweza kukata rufani mbele ya Baraza la Ushindani, lililo chini ya sheria ya mwaka 2003. Huko haitoshi kusema kwamba uamuzi umetuumiza. Ni lazima kuonyesha kwamba haukutegemea ushahidi, au sheria ilikosewa, au utaratibu haukufuatwa, au Mamlaka haikuwa na uwezo huo. Na anayetaka Mahakama Kuu iupitie uamuzi wa chombo cha umma amewekewa miezi 6 tu ya kuomba ruhusa.

Lakini ni nani kati yetu awezaye kusafiri toka Biharamulo hadi Dar es Salaam kwa ajili ya rufani? Ndiyo maana wengi wa wenye magari huchagua njia mbili fupi: mgomo, au bahasha. Mgomo humwadhibu abiria asiye na kosa. Bahasha humnunulia mmoja njia na kuwafungia wengine, na gharama yake hulipwa na abiria.

Sheria imetuwekea pia Baraza la Ushauri la Watumiaji wa Huduma za Usafiri Ardhini, lililo sauti ya abiria. Twasikitika kwamba jumuiya nyingi hazijapata hata kulisikia jina lake.

Basi likikatishwa njia katika kigango chenu, msingoje mwenye basi aseme kwa niaba yenu. Andikeni siku lilipoacha kuja, vijiji lilivyokuwa likipita, nauli ya zamani na ya sasa, na wagonjwa waliokosa usafiri. Ombeni uamuzi na sababu zake kwa maandishi. Barua iwe na nakala mbili. Ya pili igongwe muhuri wa mapokezi wenye tarehe, na ihifadhiwe na katibu.