Upanga Haukati Deraya, Filamu Ziache Kutudanganya

Mtazamaji wa filamu za Ulaya ya kale ameuzoea uongo mmoja. Shujaa anazungusha upanga mara moja, na adui aliyevaa chuma kuanzia utosini hadi kwenye vidole vya miguu anaanguka kama mgomba. Haiwezekani. Deraya kamili ya karne ya 15, yenye uzito wa kilo 20 hadi 25, ilifuliwa kwa kusudi la kuyazuia makali hayo.

Wapiganaji wa enzi hizo walilijua hilo, na walimu wao wakaliandika. Kitabu cha Mwitalia Fiore dei Liberi, cha mwanzoni mwa miaka ya 1400, kinaonyesha mtu ameshika mpini kwa mkono mmoja na chuma chenyewe kwa mkono wa pili, ili ncha itafute penyo: kwapani, usoni, ndani ya kiganja. Wajerumani waliugeuza upanga wote na kupiga kwa mpini, ukawa rungu. Makumbusho ya Royal Armouries yanao muswada wa takriban miaka 700, unaojulikana kama I.33, ambamo kasisi anamfundisha mwanafunzi upanga na ngao ndogo. Kurasa za mwisho anaingia mwanamke, Walpurgis, naye ana upanga mkononi. Utajiri wote huu, halafu watayarishaji wanarudia mizunguko ileile ya hewani!

Hofu yao ni kwamba ukweli utachosha. The Duellists, filamu ya Ridley Scott ya mwaka 1977, inawakanusha. William Hobbs, aliyeyapanga mapigano yake, aliwaacha maofisa wawili wa jeshi la Napoleon waogope, waheme, na katika pambano moja la vitara wachoke hadi silaha ziwashinde kuinua. Hakuna anayepiga miayo pale.

Katika filamu ya Poland iitwayo Potop, ya mwaka 1974, Kmicic anashambulia kwa hasira huku Wołodyjowski akimjibu kwa utulivu, mvua ikiwanyeshea. Tabia za watu wawili zinasomeka katika mikono yao, bila hotuba. The King ya mwaka 2019 nayo ilithubutu: Hal na Percy, ndani ya deraya, wanaishia kukabana mieleka na kutafutana kwa jambia.

Ni kweli kwamba kamera ina masharti yake. Pigo halisi huisha kabla jicho halijaliona, na mwigizaji lazima arudi nyumbani mzima. Kwa hiyo mpangaji hupunguza kasi, hukuza umbali, huchagua pembe. Lakini anayeijua mbinu ya asili hujua pia kipi apunguze na kipi asiguse. Lengo la pigo, yaani mwili wa adui, halipaswi kubadilishwa. Lakini waigizaji wengi hufundishwa kugonga upanga wa mwenzao badala yake, na mtazamaji hulihisi hilo hata kama hawezi kulieleza.

Leo vilabu vya Ulaya na Marekani vinavifanyia mazoezi vitabu hivyo vya kale vya upanga, na nakala za vingi zinasomwa bure kwenye intaneti. Mwongozaji anayetengeneza filamu ya karne ya 15 amwite mwalimu wa vilabu hivyo wakati mswada wa filamu bado unaandikwa, si wiki ya mwisho kabla ya kupiga picha.