Maji ya Gatini Ndiyo Tunayokunywa

Siku hizi hakuna hotuba inayotolewa kando ya maji bila neno "endelevu" kutiwa ndani yake, kama bizari kwenye pilau. Bandari endelevu, uchumi endelevu, ushirikiano endelevu. Hata choo cha gatini kikipakwa chokaa kitaitwa endelevu. Sina ugomvi na neno lenyewe. Ugomvi wangu ni na wale wanaoliweka kwenye bango la langoni, wakapanda miche kumi ya mwarobaini mbele ya mgeni rasmi, kisha wakarudi ndani kuendesha bandari kama walivyoiendesha jana.

Nasema haya kwa sababu Mwanza inaelekea kuwa na kituo cha makontena, tupende tusipende. Bandari ya Kaskazini imekuwa ikipanuliwa. Kisumu imefufuliwa, Uganda ina mipango yake ya Bukasa, na reli mpya inakuja kutoka Isaka. Swali la kama makontena yatakuja limekwisha kujibiwa. Lililobaki ni yatapokewaje.

Wapo watakaonijibu kwamba mazingira ni anasa ya matajiri: tupate mizigo kwanza, kusafisha kutafuata. Hoja hiyo si ya kubeza. Bandari isiyo na mizigo hailishi mpagazi, na gati zetu zimewahi kukaa kimya kiasi cha korongo kulala juu yake bila kusumbuliwa. Lakini wanaosema hivyo wamejifunza bandari kwa kutazama Dar es Salaam, na ziwa si bahari. Uchafu ukimwagwa Kurasini, bahari ina kupwa na kujaa, nayo haina mwisho. Ziwa Victoria lina eneo la kilometa za mraba 68,800 hivi, ila ni sinia, si mtungi: penye kina kirefu kabisa hapafiki mita 90, ilhali Tanganyika inapita mita 1,400. Sehemu kubwa ya maji yake huletwa na mvua inayonyesha juu ya ziwa lenyewe, na sehemu kubwa huondoka kwa mvuke. Mto unaotoka ni mmoja tu, Naili, tena kule Jinja, ng'ambo ya pili. Na mvuke, ndugu msomaji, haubebi oili chafu. Huiacha.

Chanzo cha maji cha Capripoint, kilichonywesha mji huu kwa miaka mingi, kiko kwenye rasi iliyo jirani na bandari zetu. Mtu wa Rotterdam akizembea gatini, hasara yake ataisoma gazetini. Sisi yetu tutaichota kwa kikombe.

Sasa nije kwenye kontena lenyewe, maana hapa ndipo wengi wanapoteleza. Wakisikia "kituo cha kisasa" huona winchi ndefu na uwanja mpana wa lami. Wanasahau kwamba tangu miaka ya 1960 ziwa hili lina ufundi ambao bandari nyingi zingeutamani: meli ya mabehewa. Behewa linatoka bara likiwa na kontena mgongoni, linasukumwa melini juu ya reli, linavuka hadi Port Bell au Kisumu, linashuka na kuendelea na safari. Kontena halinyanyuliwi hata mara moja. Hakuna mashine ya dizeli ya kulibeba, wala uwanja mkubwa wa kulilaza, wala foleni ya malori katikati ya mji. MV Umoja na mwenzake Uhuru walitengenezwa kwa kazi hiyo. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika 1977, Uhuru ikaenda Kenya na Umoja ikabaki kwetu. Jina hilo likatuangukia wakati umoja wenyewe umekwisha. Baada ya kukaa miaka mingi bila safari ya Port Bell, Umoja ilikarabatiwa na kuirudia njia hiyo 2018. Kama kuna kitu cha bandarini kinachostahili kuitwa endelevu, ni chuma hicho kikuukuu, ingawa sijaona bango lake.

Tatizo linakuja na reli. Reli iliyofika Mwanza 1928 ni ya upana wa mita moja, na reli za ndani ya Umoja ni za upana huo huo. Reli ya kisasa, ambayo kipande chake cha Mwanza hadi Isaka kilianza kujengwa 2021, ni ya milimita 1,435. Behewa lake haliwezi kuingia kwenye meli hiyo. Maana yake ni kwamba mahali fulani, kati ya stesheni na maji, kila kontena litashushwa kutoka behewa moja na kupandishwa kwenye lingine, au kwenye lori, au moja kwa moja melini. Mahali hapo ndipo kituo chetu kitakapokuwa, na hapo ndipo pa kuamua kama tutakuwa na bandari safi au chafu. Miti tutapanda baadaye.

Kama reli mpya itaishia mbali na gati, kilometa chache zilizobaki zitakuwa za malori, na malori hayo yatapita penye watoto wa shule na akina mama wenye matenga ya samaki. Treni itakuwa imetoka mbali kwa umeme, kisha mzigo wake umalizie safari katika moshi mweusi! Napendekeza kinyume chake: reli zote mbili, nyembamba na pana, zifike gatini na kulala sambamba, kontena livushwe kutoka moja kwenda nyingine kwa winchi ya umeme. Meli mpya za mizigo nazo zichorwe baada ya jambo hilo kukubaliwa, si kabla.

Umeme ndio huo tunaouimba. Bwawa la Julius Nyerere kule Rufiji limejengwa kwa megawati 2,115. Basi kwa nini meli ikifunga kamba Mwanza iendelee kunguruma usiku kucha, ikichoma dizeli ili taa zake na pampu zake zifanye kazi? Los Angeles walianza kuchomeka meli za makontena kwenye umeme wa nchi kavu mwaka 2004. Kwetu meli ni chache na ndogo kuliko zao, kwa hiyo kazi ni nyepesi. Linalotakiwa ni waya, soketi ya kufaa, na amri kwamba injini izimwe.

Kuna jambo jingine ambalo wataalamu wa semina hawalihesabu kuwa la mazingira: uzito. Sisi wa ziwa hili hatuhitaji kufundishwa maana ya mzigo usiojulikana. Tarehe 21 Mei 1996 MV Bukoba ilizama ikitoka Bukoba na Kemondo, ikikaribia Mwanza, na watu zaidi ya 800 wakafa. Tarehe 20 Septemba 2018 kivuko cha MV Nyerere kikapinduka karibu na Ukara, na zaidi ya 220 wakafa. Kontena ni sanduku lililofungwa; karatasi inaweza kusema tani 15 na ndani mkawa na 25. Kwa meli za kimataifa za baharini, sheria ya tangu Julai 2016 inataka kila kontena lililojazwa lithibitishwe uzito kabla ya kupakiwa. Ziwani tusingoje kulazimishwa na mtu. Mizani iwe langoni, na nahodha awe na haki ya kukataa mzigo bila kupigiwa simu na mkubwa yeyote.

Halafu kuna mita 60. Sheria ya Mazingira ya 2004 inazuia shughuli za kudumu zinazoweza kudhuru, ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa ziwa. Sheria nzuri, lakini nimeona humkumbuka upesi mama mwenye tuta la mchicha na kijana anayeosha pikipiki. Bandari haiwezi kukaa mita 60 kutoka majini, hilo naelewa. Basi kwa kuwa imeruhusiwa kukaa pale ambapo mama yule hakuruhusiwa, ibebe wajibu mzito kuliko wake: maji ya mvua yanayoosha uwanja wa makontena yapite kwenye mtego wa mafuta kabla ya kuingia ziwani, na maji ya vyooni yasiingie kabisa. Magugumaji yaliyoanza kutusumbua mwishoni mwa miaka ya 1980 yananenepa kwa mbolea hiyo tunayoyapelekea sisi wenyewe. Mwanzoni mwa 2025 magugu yalizibana njia za vivuko vya Kigongo na Busisi, kabla daraja halijafunguliwa mwezi Juni. Meli haina daraja la kukimbilia.

Mwisho ni oili chafu na maji ya tumboni mwa meli. Kila meli inayo, na kila meli lazima iyatoe mahali. Atakaponialika mtu kuiona bandari yake endelevu, sitaomba kuonyeshwa bustani. Nitaomba daftari: meli gani ilitia gati lini, ilikabidhi lita ngapi za oili chafu, nani alizipokea, zikapelekwa wapi. Meli ambayo kwa mwaka mzima imekuja na kuondoka bila kukabidhi hata debe moja, nahodha wake aitwe aeleze.