Binti Naye Apewe Jioni Yake

Ndugu mzazi, majuzi hapa Ngamiani nilimsikia baba mmoja akimkemea bintiye: "Mpira si kazi ya mtoto wa kike!" Binti akarejea kuosha vyombo, kaka yake akaelekea uwanjani.

Nikamkumbuka Aisha Masaka. Mshambuliaji huyo aliichezea Yanga Princess, na mwaka 2022 akajiunga na BK Häcken ya Sweden, nchi ya theluji. Mwaka 2023 alicheza Ligi ya Mabingwa ya Wanawake ya Ulaya. Mwaka 2024 akahamia Brighton, Uingereza. Naye ni binti wa mtu.

Si kila binti atafika Ulaya. Lakini vyombo vikioshwa na wawili, wote wawili watawahi uwanjani kabla ya magharibi.